Manhatta: Filamu Isiyo na Hadithi

Feri imejaa pomoni. Inagusa gati ya Manhattan, na papo hapo umati wa watu waliovaa kofia unamiminika kuwahi kazini. Hatuambiwi jina la hata mmoja wao, wala filamu haimfuati yeyote hadi ofisini.

Hiyo ni Manhatta, filamu bubu ya dakika kumi hivi iliyotengenezwa New York na wasanii wawili: Paul Strand, mpiga picha, na Charles Sheeler, mchoraji aliyekuwa pia mpiga picha. Kamera ilikuwa ya Sheeler, Debrie kutoka Ufaransa. Hadithi haimo, na waigizaji hawamo. Ni moshi, meli, reli, vyuma vya ujenzi na maghorofa, kuanzia bandarini hadi jua linapozama juu ya mto Hudson.

Katikati ya picha hujitokeza mistari ya Walt Whitman, mshairi aliyeupenda mji huo na kufariki mwaka 1892. Kusema kweli, mistari hiyo ndiyo inayoipunguzia filamu nguvu. Whitman aliusifia mji kwa shangwe; picha zenyewe zimenyamaza, na mahali pengine zinatisha. Tazama Wall Street. Strand alikuwa ameshapiga picha ya mnato hapo mwaka 1915: madirisha makubwa meusi ya jengo la benki ya J.P. Morgan, na chini yake wapita njia wadogo wenye vivuli virefu. Humu filamuni madirisha ni yale yale, ila sasa watu wanatembea, na kamera haiwasogelei. Kwingineko imepandishwa juu ya mapaa, ikiwaangalia chini kama sisimizi.

Julai 1921 filamu ilionyeshwa katika ukumbi wa Rialto, New York, kwa jina la majigambo: New York the Magnificent. Mwaka 1923 ikafika Paris, kwenye tafrija ya wasanii wa harakati ya sanaa iitwayo Dada. Miaka michache baadaye watengenezaji filamu wengine nao waligeukia miji: Walther Ruttmann alitoa filamu yake kuhusu Berlin (1927), naye Joris Ivens akatoa Regen (1929), ambayo kisa chake chote ni mvua kunyesha Amsterdam.

Strand hakuacha kutazama. Uzeeni alikwenda Ghana ya Kwame Nkrumah, akawapiga picha wananchi wake kwa utulivu ule ule.

Mwaka 1995 Manhatta iliingizwa katika orodha ya taifa ya Marekani ya filamu za kuhifadhiwa. Inapatikana bure kwenye intaneti. Ukikuta nakala iliyowekewa muziki, zima sauti kwanza.