Kujieleza na Kukirishwa: Nafsi, Kamera na Kambi ya Nachingwea

Tawasifu ya Kiswahili imezoeleka kutafutwa vitabuni, tangu Hamed bin Muhammed hadi Shaaban Robert. Hata hivyo, si kila aliyesimulia maisha yake aliyaandika. Kambi ya FRELIMO iliyofunguliwa Nachingwea katikati ya miaka ya 1960 yatoa mfano ambao wataalamu wa lugha hawajautilia maanani vya kutosha.

Wapiganaji wapya walisimama mbele ya wenzao wakasimulia mateso yao chini ya Wareno: kazi za shuruti, kilimo cha lazima cha pamba, kodi, viboko. Kusudi lilikuwa Mmakonde wa kaskazini na mwenzake wa kusini watambue kwamba msiba wao ni mmoja. Kiswahili kilikuwa na wasemaji wengi miongoni mwa watu wa Cabo Delgado, lakini lugha iliyoteuliwa kuwa ya umoja ilikuwa Kireno, lugha ya mtawala yule yule aliyelalamikiwa.

Kamera ilifuata. Wanawake walianza kupewa mafunzo ya kijeshi Nachingwea mwaka 1967, na filamu ya Margaret Dickinson, *Behind the Lines* (1971), iliwaonyesha wapiganaji wanawake wakiwa vitani. Humo wanaonekana zaidi kama sura ya mapambano kuliko kama watu wenye visa vyao. Ike Bertels, Mholanzi aliyeiona filamu hiyo, aliwatafuta watatu miongoni mwao, akawapiga picha katika miaka ya 1980 na kuwarudia hadi *Guerrilla Grannies* (2012), walipokuwa bibi wenye wajukuu. Hapo ndipo "sisi" ya kambini ilipoipisha "mimi". Ilichukua miaka arobaini. Si muda mrefu mno kwa mtu aliyefunzwa kusema kwa niaba ya wengi.

Lakini jukwaa la Nachingwea lilikuwa na upande wa pili. Mei 1975, wiki chache kabla ya uhuru wa Msumbiji, Uria Simango, aliyekuwa makamu wa rais wa FRELIMO hadi kifo cha Eduardo Mondlane mwaka 1969, alisomeshwa ungamo refu mbele ya wapiganaji. Umbo lilikuwa lile lile: mtu mmoja amesimama, anasema "mimi", umma unasikiliza. Sarufi ya Kiswahili hutenganisha mambo haya vizuri kuliko macho ya mtazamaji. Katika *kujieleza*, kiambishi *-ji-* humrudisha mtenda kwake mwenyewe. Katika *kukirishwa*, viambishi *-ish-* na *-w-* humfichua mwingine aliyesimama nyuma ya msemaji, hata kama hatajwi.

Simango alipelekwa Msumbiji na kuuawa bila kufikishwa mahakamani. Mkewe, Celina, aliuawa pia. Watoto wao walikua bila kuonyeshwa makaburi.