Mfungo Uliozaa Karamu

Jioni ya tarehe 24 Desemba, mamilioni ya Wapolandi huketi mezani pasipo kipande cha nyama. Kwa desturi hakuna anayegusa chakula mpaka nyota ya kwanza ionekane angani. Chini ya kitambaa cha meza huwekwa nyasi kavu kidogo, na sahani moja huachwa bila mwenyewe, kwa ajili ya mgeni atakayebisha hodi. Mapokeo husema vyakula viwe 12. Katika nyumba nyingi kinachotangulia ni barszcz, supu nyekundu ya bitiruti zilizochachushwa, na ndani yake huelea uszka: vifuko vidogo vya unga vilivyojazwa uyoga wa msituni.

Aliyezoea Krismasi ya pilau na mbuzi atashangaa. Hii ndiyo karamu kubwa ya mwaka, lakini asili yake ni katazo.

Aliyekataza ni Kanisa. Katika Enzi za Kati na karne nyingi baadaye, Wapolandi walisifika kwa kufunga kwa ukali. Mkesha wa Krismasi nyama iliondolewa mezani, na waliozingatia sana waliacha hata siagi, maziwa na mayai. Jikoni palibaki samaki, nafaka, kunde, kabichi iliyochachushwa na mafuta ya mbegu za kitani. Kabaila mwenye ardhi alikuwa na bwawa lake la samaki. Mkulima aliyemtumikia alikuwa na msitu, nao msitu ulikuwa na uyoga.

Unaotafutwa kuliko wote kwa uszka ni borowik, wenye kofia ya rangi ya kahawia na shina nene jeupe. Uyoga huu haulimiki kirahisi, kwa sababu huishi kwa kushirikiana na mizizi ya miti hai kama msonobari na mwaloni. Mwenye kuutaka sharti aufuate mwituni. Polandi leo ni miongoni mwa nchi zinazoongoza Ulaya kwa uyoga wa kulimwa mabandani, lakini jaribu kumpa bibi wa Kipolandi uyoga huo mweupe wa dukani aujaze kwenye uszka zake, uone atakavyokutazama. Ule wa msituni hukatwa vipande, hutungwa kwenye uzi na kuanikwa juu ya jiko wakati wa vuli, ukisubiri Desemba. Ukikauka ndipo harufu yake hukolea.

Kuchuma uyoga hakukubaki kazi ya maskini. Adam Mickiewicz, katika utenzi wake Pan Tadeusz uliochapishwa Paris mwaka 1834, aliwapeleka mabwana na mabibi wa nyumba ya kikabaila msituni kuchuma uyoga, akautaja aina kwa aina. Wakati huo hapakuwa na nchi huru ya Polandi kwenye ramani, kwa kuwa Urusi, Prussia na Austria zilikuwa zimeigawana tangu mwaka 1795. Mshairi aliyekuwa uhamishoni alipotaka kuisimulia nchi yake, hata uyoga ulimfaa.

Kifuko chenyewe kina historia ya mashaka zaidi. Ndugu yake mkubwa, pierogi, husimuliwa kuwa aliletwa kutoka Kyiv na Mtakatifu Jacek, mtawa wa Shirika la Wadominika aliyefariki mwaka 1257, na kwamba mtawa huyo aliwagawia wenye njaa pierogi. Ni hadithi tamu, ila ni hadithi. Maandishi yako imara zaidi: mapishi ya pierogi yamo katika kitabu cha Stanisław Czerniecki, mpishi mkuu wa ukoo wa Lubomirski, kilichochapishwa Kraków mwaka 1682. Hicho ndicho kitabu cha zamani zaidi cha mapishi cha Kipolandi kilichosalia kizima, nacho kiliandikwa kwa ajili ya majumba ya wakubwa. Mke wa mkulima hakuhitaji kitabu.

Kazi ya kutengeneza uszka huanza usiku unaotangulia mkesha. Uyoga mkavu hulowekwa, kisha huchemshwa katika maji yaleyale, na maji hayo hayamwagwi: huchujwa kwa kitambaa kuondoa mchanga wa msituni, halafu hutiwa kwenye barszcz. Uyoga hukatwakatwa mpaka uwe laini na kuchanganywa na kitunguu kilichokaangwa, chumvi na pilipili manga. Unga wa ngano hukandwa kwa maji ya moto, ukasukumwa mwembamba kuliko chapati, ukakatwa miraba ya sentimita nne hivi. Katikati huwekwa ujazo kidogo, usiozidi punje ya harage. Mraba hukunjwa uwe pembetatu, kingo zikabanwa, kisha pembe mbili za chini huzungushwa kidoleni na kugandamizwa pamoja. Hapo kifuko hupata umbo la sikio. Kingo zisipofungwa sawasawa, maji yanayochemka yatakifumua na uyoga wote utaishia sufuriani. Vikielea juu, dakika moja au mbili zinatosha.

Si Polandi nzima inayokula hivi. Kuna nyumba zinazoanza na supu ya uyoga, na huko Silesia kuna supu ya mbegu za katani. Vita Kuu ya Pili ya Dunia ndiyo iliyovuruga ramani ya vyungu. Mwaka 1945 mipaka ilisogezwa, na watu wa mikoa ya mashariki walihamishiwa magharibi, kwenye nyumba zilizoachwa na Wajerumani, wakabeba na mapishi yao. Wengine wa mashariki walikuwa wamekwisha kupelekwa Siberia na Kazakhstan na utawala wa Stalin. Sehemu yao walitoka mwaka 1942 kupitia Uajemi, wakafika Afrika Mashariki: Masindi na Koja nchini Uganda, na Tengeru karibu na Arusha, kambi iliyokuwa na watu wapatao 5,000. Makaburi yao yapo Tengeru hadi leo.

Huko Polandi, serikali ya kikomunisti iliyofuata vita nayo ilisaidia uyoga bila kukusudia. Nyama iliuzwa kwa kadi za mgawo kuanzia Aprili 1981 hadi mwaka 1989, na foleni za maduka ya nyama zilikuwa ndefu. Msituni hapakuwa na foleni wala kadi. Hata sasa, misitu ya serikali iko wazi kwa anayechuma uyoga wa kula nyumbani, isipokuwa hifadhi za taifa na maeneo yaliyofungwa. Hatari ipo: uyoga mmoja wa muchomor sromotnikowy unatosha kumuua mtu mzima. Ndiyo maana wanaoanza hufunzwa kuchuma tu wenye sifongo chini ya kofia na kuuacha wenye vipande vyembamba vilivyopangana kama kurasa za kitabu, na asiye na uhakika huupeleka uyoga wake kwenye ofisi za afya, ambako wataalamu huukagua bure.

Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983 haimlazimishi Mkatoliki kujinyima nyama mkesha wa Krismasi. Wapolandi wengi wanaendelea kujinyima, wakiwemo wasioingia kanisani. Tangu mwaka 2025 tarehe 24 Desemba ni siku ya mapumziko kitaifa, kwa hiyo muda wa kukanda unga umeongezeka, ingawa maduka makubwa nayo huuza uszka zilizogandishwa, nazo hazikosi wanunuzi.