Bendera ya Zanzibar: Miaka 41 Sandukuni

Bendera ya kwanza ambayo wazee wa Unguja huikumbuka katika masimulizi ni nyekundu tupu, bila mchoro. Asubuhi ya 27 Agosti 1896 manowari za Waingereza zililipiga mizinga kasri la Sultani Khalid bin Barghash. Bendera ilipoanguka, vita vikaisha, havijatimiza hata saa moja. Khalid akakimbilia kwa balozi wa Wajerumani. Waingereza hawakuiondoa nyekundu. Waliiacha ipepee huku wao wakitawala, maana haikuwazuia lolote.

Uhuru ulipofika 10 Desemba 1963, ikatiwa duara la kijani lenye karafuu mbili. Ikakaa siku 33. Mapinduzi ya 12 Januari 1964 yalikuja na nyeusi, manjano na buluu, na kabla ya mwezi huo kwisha yakageukia buluu, nyeusi na kijani, kwa kufuata rangi za chama cha Afro-Shirazi (ASP). Kwa mwana-ASP, nyekundu ilikuwa usultani na kumbukumbu ya utumwa. Kwa aliyekimbilia Muscat, Oman, ambako nako bendera ilikuwa nyekundu tupu hadi 1970, ilikuwa dola iliyoporwa.

Mistari hiyo mipya nayo haikudumu. Aprili 1964 ukaja Muungano. Buluu ya Zanzibar ikaungana na kijani, nyeusi na dhahabu ya Tanganyika, na bendera zote mbili zikateremshwa. Ya Tanganyika haijarudi mlingotini mpaka leo.

Ya Zanzibar ilirudi. Baraza la Wawakilishi lilipitisha sheria mwaka 2004, na 9 Januari 2005, chini ya Rais Amani Abeid Karume, ikapandishwa: mistari ileile ya mapinduzi, na bendera ya Muungano katika pembe ya juu. Kwangu mimi ubishi wote umejificha kwenye kipembe hicho. Anayetaka Muungano hukitazama kwanza. Anayetaka mamlaka zaidi hutazama mistari. Waziri Mkuu Mizengo Pinda aliposema bungeni mwaka 2008 kwamba Zanzibar si nchi, wengi Visiwani waliuliza bendera hiyo basi ni ya nani. Katiba ya Zanzibar ilirekebishwa 2010 ikaitamka kuwa nchi.

Ubishi huohuo ukafika hata kwenye soka. Machi 2017 Shirikisho la Soka Afrika (CAF) likaipa Zanzibar uanachama, na Julai likaufuta. Desemba mwaka huohuo timu yake, Zanzibar Heroes, ikacheza fainali ya mashindano ya CECAFA ya Afrika Mashariki na Kati huko Machakos, Kenya ikaishinda kwa penalti.