Usajili wa vyuo vya ualimu: mgogoro ambao mwanachuo hana kiti

Kijana wa Mabamba, mkoani Kigoma, anayetaka ualimu hushuka Kibondo mjini, kisha akaendelea hadi Kasulu au Kabanga, kwenye vyuo vya serikali. Huko hakuna mzazi anayeuliza kama chuo kimesajiliwa. Swali hilo lilikuja nchini pamoja na vyuo vya watu binafsi, na historia yake si ndefu.

Enzi za ukoloni, walimu wengi wa nchi hii walifunzwa na misheni. Sheria ya Elimu ya mwaka 1969 ikazikabidhi kwa serikali shule na vyuo vya madhehebu vilivyokuwa vikiendeshwa kwa ruzuku yake. Tangu hapo, kwa takriban robo karne, mzozo wa idhini usingeweza kuzuka: mwenye chuo na mtoa idhini alikuwa yule yule. Hilo halikumaanisha kwamba ubora ulikuwa salama. Azimio la Musoma la 1974 lilipotaka kila mtoto awe darasani ifikapo 1977, walimu zaidi ya 40,000 wa UPE (mpango wa elimu ya msingi kwa wote) walifunzwa huko huko vijijini, kwa redio na masomo ya posta, huku wakifundisha. Wengi wetu tuliosomea shule za Kibondo tulifundishwa kusoma na watu hao, na deni letu kwao ni kubwa.

Sheria ya Elimu ya 1978 ilimpa Kamishna wa Elimu mamlaka ya usajili. Marekebisho ya 1995 yakafungua mlango kwa watu binafsi, taasisi na madhehebu kuanzisha shule na vyuo. Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi (MMEM) ulipoanza 2002, madarasa yalijaa na walimu wakawa adimu. Kufikia 2006 wahitimu wa kidato cha sita walipelekwa sekondari baada ya mafunzo ya wiki chache tu, na wananchi wakawabatiza "Voda fasta", yaani walimu wa haraka haraka. Katika njaa hiyo ya walimu, chuo kilikuwa pia biashara, na biashara haipendi kusubiri karatasi.

Sasa mwombaji akinyimwa usajili afanye nini? Njia ya kwanza ni rufaa kwa Waziri. Akishindwa huko, anaweza kwenda Mahakama Kuu kuomba uamuzi upitiwe. Kwa kanuni za 2014, kibali cha kufungua shauri la namna hiyo huombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe, na kikipatikana, maombi yenyewe hufunguliwa ndani ya siku 14. Kwa mtu wa Kibondo, kabla Kigoma haijapata Mahakama Kuu yake, safari hiyo ilikuwa ya Tabora. Na Jaji hakagui maabara wala maktaba. Anaangalia kama mwombaji alisikilizwa, kama sheria ilifuatwa, kama mamlaka haikuvuka mipaka yake.

India imekwenda mbali zaidi katika mashauri haya, na yaliyotokea huko yanatufaa. Mwaka 1986 Mahakama ya Juu ilikataa kuwaruhusu wanachuo wa vyuo vya ualimu visivyotambuliwa kufanya mtihani wa serikali. Mwaka 1993 Bunge likaunda kwa sheria baraza la taifa la elimu ya ualimu, lenye kamati za kanda za kutoa utambuzi. Kesi hazikukoma. Katika jimbo la Maharashtra, kamati ya kanda ilikubali vyuo karibu 300 kwa mkupuo, mgogoro ukafika Mahakama ya Juu, nayo mwaka 2011 ikaagiza iundwe tume iliyoongozwa na Jaji J. S. Verma. Wakaguzi walipofika kwenye majengo yenyewe, ni vyuo 44 tu vilivyoonekana kustahili.

Hapa kwetu, mwaka 2016, wanafunzi zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu waliamriwa kuondoka Chuo Kikuu cha Dodoma katika muda wa siku moja. Haukuwa mgogoro wa usajili wa chuo. Ulianza kwa wahadhiri kusitisha kufundisha, kisha yakaja maswali ya sifa za waliodahiliwa. Baadaye baadhi walirudishwa, wengi wakapelekwa vyuo vya ualimu vya serikali, wengine wakaambiwa hawakuwa na sifa. Aliyewadahili hakulala stendi usiku ule; waliolala ni vijana.

Hapo ndipo ninapoona pengo la sheria zetu. Mwenye chuo ana rufaa yake, Kamishna ana mwanasheria wake, ila mwanachuo aliyekwisha kulipa ada si mhusika wa shauri. Bunge liweke wazi kwamba chuo kinachobishania usajili kisidahili mpaka shauri liishe, na kwamba kikifungwa, ada irudi na mwanachuo atafutiwe nafasi kwingine.

Mpaka hilo litakapofanyika, mzazi wa Mabamba, usiuze mbuzi wala maharage kwa ajili ya ada kabla ya kuuliza namba ya usajili wa chuo. Iulizie kwa Afisa Elimu wa Wilaya, Wizara ya Elimu au NACTVET (Baraza la Taifa la Elimu na Mafunzo ya Ufundi na Ufundi Stadi), wala usitosheke na kibao kilichosimikwa getini.