Wapangaji wa Paris

Wageni waendao Paris hustaajabia njia zake pana na nyumba zilizopangwa kwa mstari mmoja kama askari gwarideni. Nasi waalimu tumezoea kumsifu Haussmann, aliyepewa na Kaisari Napoleon III kuusimamia mji ule tangu mwaka 1853 hata alipoondolewa Januari 1870. Lakini ni mara chache tuulizapo: wale waliokaa pale kabla ya njia kupasuliwa, walikwenda wapi?

Hatukatai kwamba mji ulihitaji kutengenezwa. Vichochoro vilikuwa vyembamba, havifikiwi na jua, na kipindupindu cha mwaka 1832 kiliua watu zaidi ya 18,000. Mifereji ya mhandisi Belgrand ilikuwa baraka. Tena Kaisari hakusahau kwamba katika vichochoro vile raia walikuwa wakiziba njia kwa mawe na kupigana na askari.

Basi, sheria ya mwaka 1841 iliagiza kwamba achukuliwaye mali kwa kazi ya serikali alipwe fidia, na waliokata kiasi chake walikuwa baraza la wenye mali wenyewe! Mwenye nyumba alilipwa, mara nyingi kupita thamani. Mwenye duka aliyekuwa na mkataba wa miaka alilipwa pia. Wako hata waliotunga mikataba ya uongo ili wapate zaidi. Bali fundi aliyepanga chumba kimoja pasipo hati, yeye alipata ilani ya kuhama tu.

Katika kisiwa cha Cité, penye kanisa kuu la Notre-Dame, walikaa watu wapata 15,000, wakabaki 5,000. Mahali pa nyumba zao pakajengwa hospitali, mahakama ya biashara na kambi ya askari. Wengi wa waliohamishwa mjini walipanda Belleville, nje ya mpaka, ambako kodi ilikuwa nafuu na ushuru wa mji juu ya chakula na mvinyo haukufika. Hata mwaka 1860 Belleville ikaunganishwa na Paris, ushuru ukawafuata huko huko.

Wako na waashi. Wengi wao walitoka mashambani, nchi ya Limousin, wakilala wengi chumba kimoja katika nyumba za kupanga karibu na jumba la baraza la mji. Alfajiri walisimama uwanjani kungoja kuajiriwa. Njia ya Rivoli ilipopitishwa mtaa ule, nyumba hizo nazo zilivunjwa.