Mshirazi wa Kilwa: safari ya jina langu la tatu

Najua nimepotea karibu wiki tatu. Sikuugua wala sikuolewa, ni mitihani tu ya majaribio imetubana, halafu bumu likachelewa, na mtu mwenye njaa haandiki. Leo Jumamosi nimepata upenyo, nimekaa kwenye kimbweta nyuma ya hosteli, kaupepo kanapuliza. Nitaandika ndefu kidogo, kwa hiyo chukua chai kabisa.

Mambo yalianzia kwenye semina ya historia. Yule anayetusimamia alikuwa anaita majina ya mahudhurio. Darasa letu lina majina ya kila kona ya nchi, akina Massawe, akina Masanja, akina Mwakalinga, kila mmoja ana wenzake watatu wanne. Wa Shirazi yuko mmoja tu, ndiyo mimi. Jina lilipoitwa, jamaa mmoja wa viti vya nyuma akapaza sauti: "Mshirazi gani mweusi hivi? Hao si Waajemi?" Darasa zima likaangua kicheko. Na mimi nikacheka, ungefanya nini sasa?

Usiku ndiyo likanikaa. Kwetu Kilwa bibi yangu mzaa baba hasemi mara mbili: "Sisi hapa Washirazi, tulikuja na majahazi saba." Nimelisikia hilo tangu sijaota meno. Mwenzangu wa chumba akaniambia, si unasoma ualimu wa historia wewe, mjibu basi kwa historia. Nikaingia maktaba. Nilichokikuta si nilichokwenda kukitafuta.

Tuanze na jina lenyewe. Shiraz ni mji wa Iran, jimbo la Fars. Kwa desturi ya Kiarabu unachukua jina la mahali, unaweka "i" mwishoni, mtu amepata jina: wa Barawa ni Barawi, wa Shiraz ni Shirazi. Sisi tukaliingiza kwenye ngeli yetu ya m-wa, tukapata Mshirazi, Washirazi na Ushirazi. Ila ukiangalia ramani utaona Shiraz iko bara, haina hata bandari. Bandari ya upande ule ilikuwa Siraf, kwenye Ghuba, mpaka ilipopigwa na tetemeko la ardhi mwaka 977. Hilo lisikusumbue sana. Mtu wa Nangurukuru akiulizwa kwao akiwa Mwanza atasema "Lindi" yaishe. Watu hujiita kwa mahali panapojulikana.

Sasa hadithi ya majahazi saba. Imo kwenye tarihi ya Kilwa iliyoandikwa kwa Kiarabu karne ya 16, baada ya Wareno kuuteka mji mwaka 1505. Nakala yake moja ilipitia mikononi mwa Sir John Kirk, balozi mdogo wa Uingereza Zanzibar, sasa iko London, na ilichapishwa mwaka 1895. (Mshike huyu Kirk, atarudi tena.) Tarihi inasema mfalme wa Shiraz aliondoka na wanawe sita, majahazi saba, kila jahazi likatia nanga mahali pake, na la sita ndilo lililofika Kilwa. Kisiwa wakakinunua kwa nguo za kukizungushia chote. Ndiyo maana sultani wa kwanza, Ali, akapewa jina la utani: Nguo Nyingi. Ni Kiswahili safi kabisa katikati ya kitabu cha Kiarabu.

Mreno João de Barros naye alichapisha hadithi hiyo mwaka 1552, ila kwake yeye Ali alitokea Hormuz, mama yake akiwa mtumwa wa Kihabeshi, na ndugu zake wa baba walikuwa wanamdharau kwa sababu hiyo. Yaani Mshirazi wetu wa kwanza, kwa maelezo hayo, alikuwa na mama Mwafrika na alichekwa kwao! Nikamkumbuka yule jamaa wa viti vya nyuma.

Swali likawa: huyu Ali alikuwepo kweli? Alikuwepo mtawala wa jina hilo, maana sarafu zake tunazo. Ni za shaba, zinaokotwa Kilwa, zimeandikwa Ali bin al-Hasan pamoja na maneno ya kumtegemea Mungu yanayofuata vina vya jina lake. Neville Chittick, mwanaakiolojia aliyechimba Kilwa miaka ya 1960, alimweka mwishoni mwa karne ya 12. Mwaka 1984 zikapatikana sarafu nyingine nyingi Mtambwe Mkuu, Pemba, ikabidi Ali arudishwe nyuma hadi karne ya 11. Chittick alikuta pia kwamba watu walikuwa wanaishi pale kisiwani tangu karibu karne ya 9, wakivua samaki na kufua chuma. Hakuna nyumba iliyongoja jahazi lifike. Mwenyewe aliona kwamba hao Washirazi hawakutoka moja kwa moja Uajemi, walishuka kutoka pwani ya Benadir huko Somalia. Na kwenye zile sarafu neno Shirazi halipo kabisa.

Ibn Battuta naye alifika Kilwa mwaka 1331. Akaandika kwamba wengi wa wenyeji ni watu weusi wenye chale usoni, akamsifu sultani kwa ukarimu wake. Sultani huyo ni al-Hasan bin Sulaiman, aliyeitwa Abu al-Mawahib, mwenye kutoa vipawa, na ndiye aliyejenga Husuni Kubwa. Shirazi? Hakuwa Shirazi. Alikuwa wa ukoo wa Mahdali, wenye asili ya Yemen, walioshika utawala karibu mwaka 1277. Kwa hiyo Kilwa ilipofikia kilele cha utajiri wa dhahabu ya Sofala, ukoo wa Shirazi ulikuwa umeshatoka kwenye kiti.

Sasa niseme nilipokwama. Ukoo umetoka, jina limebaki. Tarehe 14 Septemba 1776 Mfaransa mmoja aitwaye Morice aliwekeana mkataba na sultani wa Kilwa, na sultani akajitaja kwa jina lake, la baba yake na la babu yake: Hasan, bin Ibrahim, bin Yusuf, Mshirazi wa Kilwa. Karibu miaka 500 baada ya Wamahdali kuingia! Nilifurahi kama mtu aliyeona picha ya babu yake gazetini. Halafu nikasoma mkataba wenyewe unahusu nini. Sultani atampa Morice watumwa 1,000 kila mwaka, kwa piastre 20 kila mmoja, na kwa kila kichwa mfalme atapata zawadi ya piastre 2. Walikuwa wanapelekwa kwenye mashamba ya Wafaransa huko Mauritius na Réunion.

Nilifunga kitabu nikatoka nje kunywa maji.

Maana jina langu nimelikuta, limeandikwa vizuri, vizazi vitatu, kwenye karatasi ya kuuza watu. Na wale 1,000 hakuna hata mmoja aliyeandikwa jina. Walitoka bara, kwa Wayao, kwa Wangindo, kwa Wamakua, mpaka huko Ziwa Nyasa. Wakati huo mji mkubwa ulikuwa bado kisiwani, baadaye biashara ikahamia Kilwa Kivinje. Miaka ya 1860 watu karibu 20,000 kwa mwaka walikuwa wanapitishwa bandari ya Kilwa kwenda Zanzibar na kwingineko. Tarehe 5 Juni 1873 Sultani Barghash akatia saini mkataba wa kufunga biashara hiyo ya baharini. Aliyembana ni nani? Kirk yule yule wa tarihi. Biashara ikazunguka kwa njia ya nchi kavu, ikapigwa marufuku tena mwaka 1876, na bado ikaendelea kwa kificho. Utumwa wenyewe ulifutwa kisheria Tanganyika mwaka 1922.

Ukilielewa hilo unaelewa kwa nini jina la Shirazi lilikuwa na bei pwani. Kujiita Mshirazi kulikuwa na maana kwamba mimi ni mwungwana, nina asili, sikuja na msafara. Lilikuwa ukuta, na ukuta una watu wa pande mbili.

Zanzibar jina hilo hilo lilipata kazi nyingine. Kule wenyeji wa Unguja, Tumbatu na Pemba walijiita Washirazi kujitofautisha na Waarabu waliotawala na pia na watu waliotoka bara. Februari 1957 Jumuiya ya Waafrika na Jumuiya ya Washirazi zikaungana chini ya Abeid Amani Karume, kikazaliwa chama cha Afro-Shirazi. Mwaka 1959 baadhi ya Washirazi wakajitenga wakaunda chama chao, na mmoja wao, Mohammed Shamte, ndiye alikuwa waziri mkuu wa serikali iliyopinduliwa Januari 1964. Yaani jina moja lilikuwa pande zote mbili za Mapinduzi. Tarehe 5 Februari 1977 Afro-Shirazi ikaungana na TANU kuwa CCM, na jina likatoka kwenye chama likarudi kwa bibi zetu.

Nilidhani nimemaliza. Mwenzangu wa chumba, yeye anasoma baiolojia, akaniambia mbona hujagusa vinasaba? Machi 2023 jarida la Nature lilitoa utafiti wa mifupa ya watu 80, waliozikwa kwenye miji sita ya pwani kati ya mwaka 1250 na 1800, pamoja na mji mmoja wa bara. Wengi ni wa Kenya, Mtwapa na Manda hasa, lakini wachache walitoka Kilwa, Songo Mnara na Lindi. Majibu yake ndiyo haya: kuchanganyika kulianza karibu mwaka 1000, wakati ule ule wa hadithi za bibi. Upande wa baba, wengi wao asili ni ya Kiajemi. Upande wa mama, karibu wote ni Waafrika. Baada ya mwaka 1500 asili ya Kiarabu ndiyo ikaongezeka. Tukumbuke tu kwamba hao ni watu waliopata makaburi ya heshima karibu na misikiti. Hawasemei kila aliyeishi mjini.

Kwa hiyo bibi hakudanganya, na yule jamaa hakujua anachocheka. Waajemi walifika kweli. Ila waliokuja walikuwa wanaume wachache, wakaoa, na watoto wakalelewa na mama zao kwa lugha ya mama zao. Ndiyo maana Kiswahili ni lugha ya Kibantu mpaka mifupani. Jina la baba likaandikwa kwenye tarihi na kwenye mikataba. Mama hakuandikwa popote. Anaonekana kwenye mifupa tu, na kwenye maneno tunayosema.

Basi juzi nikampigia bibi. Sikumwambia habari za semina. Tukaongea korosho, tukaongea goti lake, halafu nikamuuliza: "Shikamoo tena bibi, hivi mama yake mama yako aliitwa nani?" Kimya. Nikadhani salio limeisha. Akauliza, "Nani kakwambia uulize?" Nikamwambia ni shule tu bibi, tunafundishwa kuuliza. Akavuta pumzi, akasema: "Yule hakuzaliwa hapa. Aliletwa mdogo, Kivinje. Jina lake la kwao hakulikumbuka, alibaki na alilopewa." Akanitajia. Siliandiki hapa kwa sababu ni mali ya bibi, na kwa sauti yake nilijua hajalitamka siku nyingi. Kisha akaongeza, kama mtu anayefunga dirisha: "Lakini babu yako Mshirazi."

Ndiyo bibi, nikasema. Mshirazi.

Nimekaa na hilo siku tatu. Ningeweza kurudi darasani na ile tarihi na sarafu na Nature, nimnyamazishe yule jamaa, na ingekuwa kweli. Lakini ingekuwa nusu. Mimi ni mjukuu wa jina lililoko kwenye mkataba wa 1776, na pia ni mjukuu wa mtu aliyeletwa bandari ile ile, hata jina lake la kwanza hatunalo. Vyote viwili ni Kilwa. Nikikaa mbele ya kidato cha pili kwenye mazoezi ya kufundisha, nikifika mada ya miji ya pwani, ubaoni nitaandika vyote viwili.

Jina sibadilishi. Jumatatu likiitwa nitaitika kwa sauti. Na yule jamaa akiuliza tena, nitamuuliza na mimi: wewe unawajua bibi zako mpaka wa ngapi? Mimi nimefika wa nne, na huyo wa nne nimempata wiki hii.

Haya, betri inakata na mvua inanukia. Jaribuni na nyie, pigeni simu nyumbani mapema wakati wa kuwauliza bado wapo. Wiki ijayo tukijaaliwa nitawasimulia mtihani wa saikolojia ulivyotunyoosha. Usiku mwema.