Ndege Njema: Historia ya Maana za Neno 'Ndege' katika Kamusi za Kiswahili

Neno ndege halimsumbui mzungumzaji wa Kiswahili. Akisikia "ndege yule amekufa" anajua kuwa aliyekufa ni kiumbe. Akisikia "ndege ile imechelewa" anajua kuwa kuna abiria wanaosubiri. Upatanisho wa kisarufi humwondolea utata kabla hajautambua. Ugumu humwangukia mtunga kamusi, ambaye hana budi kuamua kama pana neno moja lenye maana nyingi au maneno kadhaa yaliyofanana umbo tu. Makala haya yanadai kwamba mazoea ya kuyatenga yamefunika historia ya neno hili, na kwamba kwa maana mojawapo gharama yake si ya kitaaluma pekee.

Maelezo yaliyozoeleka ni mepesi: ndege alikuwa kiumbe, karne ya 20 ikaleta chombo, chombo kikaazima jina, na upatanisho wa A-/WA- ukaachwa kwa kuwa chombo hakina uhai. Kwa sehemu ni kweli. Eropleni za Waingereza zilionekana katika delta ya Rufiji kuanzia mwishoni mwa 1914 zikiitafuta manowari ya Kijerumani Königsberg, na Julai 1915 ziliruka kutoka Mafia kuelekeza mizinga iliyoimaliza. Kwa kitu hicho kipya lugha ilikuwa na mkopo, eropleni, na jina la zamani, ndege; jina la zamani likashinda. Mwendeshaji wake, kinyume chake, alipewa jina la baharini, kwani rubani asili yake ni mwongoza vyombo vya majini. (Magazeti ya michezo ya Tanzania sasa yameuacha mfano wa kiumbe kabisa: timu inayosafiri "hukwea pipa".)

Lakini upatanisho wa I-/ZI- haukuisubiri eropleni. Edward Steere, katika kitabu chake cha mwaka 1870 kuhusu Kiswahili cha Unguja, anaipa ndege maana ya kiumbe na vilevile ya ishara ya bahati, akitaja ndege njema na ndege mbaya. Ndege mbaya haithibitishi lolote, kwa sababu umbo mbaya hutumika katika ngeli zote mbili. Ushahidi umo katika ndege njema. Kiumbe angekuwa ndege mwema. Njema ni upatanisho wa I-/ZI-. Kwa hiyo, zaidi ya miaka 30 kabla ya ndugu Wright kuruka mwaka 1903, tayari palikuwa na ndege isiyo na uhai katika sarufi. Chombo kilipofika kilikuta kiti kimeshawekwa.

Inaweza kupingwa kwamba lahaja za kaskazini, pamoja na ushairi, huweza kuwapatanisha wanyama kwa umbo la nomino. Pingamizi hilo lina uzito kwa Lamu kuliko kwa Kiunguja, ambacho ndicho Steere alikieleza. Wala maana ya ishara si ngeni kwa majirani wa pwani: katika Kiarabu mzizi uleule unazaa neno la ndege kiumbe, neno la kutabiri kisirani, na neno la eropleni. Si lazima ufanano huo uwe wa kuazimana. Warumi nao walisoma bahati katika mruko wa ndege.

Maana iliyofunikwa zaidi ni ya maradhi. Jina kongwe la kiumbe huyu ni nyuni, lenye mzizi wa Kibantu unaosikika hadi leo katika Kikuyu na Kizulu. Kamusi ya Johnson ya mwaka 1939 inalieleza nyuni kuwa ndege na pia mitukutiko ya watoto iliyodhaniwa kuletwa na pepo mwenye umbo la ndege. Katika matumizi ya kawaida nyuni limeipisha ndege, na maradhi hayohayo yakaitwa degedege. Hapa ndipo dai la homonimu linapovunjika. Kama jina la mnyama na jina la maradhi yangelingana kwa bahati tu, kubadilika kwa la kwanza kusingebadilisha la pili. Maradhi yalimfuata ndege kutoka jina moja hadi jingine kwa sababu wasemaji waliyaona kuwa kazi yake.

Utafiti uliochapishwa mwaka 1996 kutoka Bagamoyo ulionyesha uzito wa jambo hili. Wazazi wengi waliitofautisha degedege na malaria, wakaanza na tiba za jadi kama kufukiza kinyesi cha tembo, na ilihofiwa kwamba mtoto wa degedege akichomwa sindano atakufa. Aliyeamini kwamba mwanawe amepitiwa na ndege hakuwa na sababu ya kukimbilia kidonge cha homa. Kamusi inapoiweka degedege mbali na ndege bila kurejelea, mwandishi wa bango la afya hana pa kuonea kwamba neno analolitumia kwa dalili ya malaria kali limebeba tayari maelezo kamili ya chanzo, na kwamba maelezo hayo ndiyo anayoshindana nayo.

Kinachopendekezwa ni kidahizo kimoja cha ndege, kila maana ikiandikiwa upatanisho wake, ishara ya bahati ikitangulia chombo kwa tarehe, na degedege ikirejelewa humo pamoja na nyuni.